Kujenga kwa Ajili ya Msimu Ambao Haujaandikwa

Anayebuni seti za sinema, yaani vyumba na mandhari ya kurekodia, hupewa hadithi nzima. Anajua nani atakufa, nyumba ipi itaungua, mlango upi utavunjwa. Akifika ukurasa wa mwisho ana karibu kila anachohitaji ili aanze kuchora, na kazi ikiisha, kila kitu kinabomolewa. Anayebuni seti za tamthilia ya televisheni mara nyingi huanza na skripti ya kipindi cha kwanza, labda na kurasa chache za maelezo kuhusu vinavyofuata, kisha anaambiwa achore nyumba ambamo watu wataishi kwa miaka. Nani atahamia, nani ataachana na nani, mjomba gani atajitokeza msimu wa nne akihitaji chumba ambacho hakijawahi kuonekana: hayo hakuna anayeyajua, hata waandishi wenyewe. Na kuta zinatakiwa ziwe zimesimama mwezi ujao.

Nimefanya kazi katika idara ya sanaa ya televisheni kwa miaka mingi, na kijana akiniuliza fani hii inataka nini, narudi hapo kila mara. Inataka mtu anayeweza kubuni kwa ajili ya mambo asiyoyajua. Kuchora kunafundishika. Programu za kompyuta zinafundishika. Hata macho ya kuona rangi yanazoezwa. Lakini kuacha nafasi kwa hadithi ambayo bado haipo, hilo linakuja polepole sana, na wengine wanafikia kustaafu bado wanalitafuta.

Tazama Friends, tamthilia ya vichekesho ya Marekani iliyoanza kurushwa mwaka 1994 na kumalizika 2004 baada ya vipindi 236. Mbunifu wake, John Shaffner, alipopendekeza zambarau kwa kuta za nyumba ya mhusika Monica, wenzake walisita. Akatengeneza kielelezo kidogo, akakipaka rangi ile, akawaonyesha. Hoja yake ilitoka ndani ya televisheni kabisa: mtu anayebadilisha chaneli anapaswa kutambua mara moja amefikia kipindi gani. Watu wanaikumbuka rangi hiyo mpaka leo, ila ninachokiheshimu zaidi ni mpangilio wa sakafu. Ndani ya nafasi moja kuna mlango wa kuingilia, jiko lililo wazi, makochi, dirisha kubwa na milango ya vyumba vya ndani, vyote vikifikiwa na kamera zilizopangwa upande wa watazamaji wa studioni. Mmoja anaweza kuingia na hasira zake, mwingine akawa jikoni akijifanya hasikii, wa tatu akatoka chumbani bila habari ya kilichotokea. Mwandishi aliyepewa sakafu ya namna hiyo hahitaji kuomba ukuta mpya kila wiki. Mikasa ya miaka kumi ilienea ndani ya mchoro uliokamilika kabla ya mkasa wa kwanza kurekodiwa.

Cheo chenyewe, kwa Kiingereza production designer, kilizaliwa kwenye sinema. Mtayarishaji David O. Selznick alimpa William Cameron Menzies kwa kazi yake katika Gone with the Wind ya mwaka 1939, kwa kuwa Menzies alikuwa amepanga mwonekano wa filamu nzima, zaidi ya majengo yake. Televisheni ilikuja kurithi cheo hicho ikiwa na shida zake yenyewe. Tamthilia ya vichekesho ya I Love Lucy ilipoanza Marekani mwaka 1951, ilirekodiwa kwa kamera tatu za filamu kwa wakati mmoja mbele ya watazamaji, na mkuu wa picha, yaani msimamizi wa kamera na mwanga, alikuwa Karl Freund, yule aliyepiga picha za filamu ya Metropolis huko Ujerumani. Televisheni ya wakati ule ilikuwa ya nyeusi na nyeupe. Nyekundu na kijani zinazotofautiana kabisa machoni zinaweza kutoka kijivu kimoja kwenye skrini. Kwa hiyo Freund aliagiza seti zipakwe kijivu cha viwango mbalimbali tangu mwanzo, ili kilichoonekana studioni ndicho kionekane nyumbani kwa watu. Ni uamuzi wa mtu aliyeelewa kwamba seti hujengwa kwa ajili ya kamera, na kwamba jicho la aliyesimama pembeni yake halina kura.

Uingereza, mwaka 1963, shirika la utangazaji la BBC lilianzisha Doctor Who, tamthilia ya msafiri wa nyakati na anga. Chumba cha ndani cha chombo cha kusafiria, chenye meza ya mitambo ya pembe sita katikati na duara zilizopangwa ukutani, kilibuniwa na Peter Brachacki. Meza ile ilipakwa kijani hafifu, kwa sababu nyeupe ingemeremeta vibaya kwenye kamera za siku hizo. Brachacki alishughulikia mwanzo tu wa mfululizo ule, kisha wengine wakapokea. Lakini wabunifu waliofuata, kizazi baada ya kizazi, wamekuwa wakiirudia meza ya pembe sita, wakibadilisha vitu, taa na rangi bila kuiacha pembe hata moja. Mtu aliyepewa muda mfupi na fedha kidogo alichora kitu ambacho zaidi ya miaka sitini baadaye bado kina watu wa kukihudumia. Nikisema kubuni kwa ajili ya usichokijua, nina maana hiyo.

Katika mfululizo huohuo yupo mtu mwingine ambaye habari yake hunigusa kila ninapoisimulia. Mwandishi Terry Nation alileta skripti yenye viumbe walioitwa Daleks. Aliyekabidhiwa kazi ya kuwapa umbo ni Raymond Cusick, mbunifu mwajiriwa wa BBC. Zamu ile nusura iwe ya mbunifu mwingine kijana wa BBC aitwaye Ridley Scott, baadaye mwongozaji maarufu wa sinema, ambaye ratiba yake haikukubali. Cusick alijua kwamba mtazamaji akiona miguu, basi ataona mtu aliyevaa vazi. Kwa hiyo akaondoa miguu. Akachora ganda linaloteleza sakafuni, pana chini na jembamba juu, lenye nafasi ya mwendeshaji kuketi ndani, jicho moja juu ya mshikio mrefu na safu za nusu-tufe kiunoni hadi chini. Waingereza walipowaona viumbe hao mwishoni mwa Desemba 1963, watoto walishikwa na hofu na furaha kwa pamoja, na muda si mrefu madukani kukajaa midoli yao. Nation, kama mwandishi, alikuwa na haki juu ya viumbe hao na alinufaika. Cusick alikuwa mwajiriwa. Umbo alilochora likawa mali ya mwajiri, na alichopata ni bahashishi ndogo ya mara moja. Alifariki mwaka 2013.

Naandika haya kwa uchungu wa kweli, kwa sababu hali hiyo haijaisha. Mikataba mingi ya wabunifu bado inasema kwamba kila mchoro, kila kielelezo, kila picha ya majaribio ni mali ya kampuni. Mwandishi ana chama kinachomdaia malipo kipindi kinaporudiwa. Muigizaji vilevile. Mbunifu hulipwa siku zake za kazi, basi. Wabunifu wa Hollywood wana chama chao tangu 1937, leo kikiitwa Art Directors Guild, na kimepigania mengi kuhusu saa za kazi, viwango vya malipo na majina kuandikwa inavyostahili. Lakini umiliki wa umbo lililokaa vichwani mwa mamilioni ya watu umebaki nje ya mkono wa aliyelibuni. Kijana anayeingia fani hii asome mkataba kabla ya kusoma skripti.

Turudi karakana, maana huko ndiko kazi iliko.

Mlango mpya ukitoka kwa mafundi seremala una rangi moja kutoka juu hadi chini. Kwenye skrini mlango huo unasema uongo hata kama vipimo vyake ni sahihi. Anaitwa mpaka rangi wa seti, na swali lake la kwanza ni: nani anaishi hapa? Kama kuna mtoto, kutakuwa na weusi wa vidole kwenye kimo cha mtoto, chini kidogo ya kitasa. Kama mwenye nyumba huingia amebeba vitu mikono yote miwili, basi chini ya mlango kuna mikwaruzo ya kiatu, upande mmoja tu, ule wa mguu anaoutumia kusukuma. Mpaka rangi anapiga msasa kingo mpaka mbao ichungulie, anapaka kahawia nyepesi iliyozimuliwa kwa maji, anaifuta kwa kitambaa kabla haijakauka ili ibaki kwenye pembe na mifereji pekee. Swichi ya taa anaizungushia kivuli cha mafuta ya mikono, chepesi sana, ambacho hakuna mtazamaji atakayekiona lakini kikikosekana kila mtu atahisi ukuta ni mgeni. Kisha anaandika. Mchanganyiko gani, matone mangapi ya rangi ipi, upande upi. Anapiga picha. Kwa sababu seti itakunjwa, itahifadhiwa ghalani miezi mingi, na siku msimu wa pili ukitangazwa itasimamishwa tena, mara nyingi ikiwa imepigwapigwa njiani, na weusi ule wa vidole utatakiwa kuwa palepale. Au umepanda kidogo, kwa kuwa mtoto amekua.

Nyeupe tupu karibu haitumiki ukutani. Hata karatasi zilizo mezani na shuka za kitandani huzamishwa kwenye rangi hafifu ili zisivute jicho kutoka kwenye nyuso za waigizaji. Taa za mezani lazima ziwake kweli, na mbunifu hukaa na mkuu wa picha mapema kukubaliana zitakaa wapi, kwani taa hizo ndizo zitakazohalalisha mwanga wote mwingine chumbani. Kuta kadhaa hujengwa ziwe za kuondolewa: unafungua vibano, unausogeza ukuta, kamera inaingia mahali ambapo hakuna mtu angeweza kusimama. Matt Jefferies, aliyebuni chombo cha anga cha Enterprise cha Star Trek, tamthilia iliyoanza kurushwa mwaka 1966, alikuwa mtu wa ndege kabla ya kuwa mtu wa seti, na chumba cha uongozi alichokipanga kwa duara kiligawanywa vipande vya kuondoka kimoja kimoja, hivyo mwongozaji yeyote aliyekuja wiki yoyote aliweza kupata pembe mpya bila kuvunja mantiki ya chumba.

Hapo kwenye mwongozaji yeyote kuna siri kubwa ya kazi hii. Katika sinema, mwongozaji ndiye bwana wa picha kuanzia mwanzo hadi mwisho. Katika tamthilia ndefu, waongozaji hupokezana: huyu anaongoza vipindi viwili, anaondoka, anakuja mwingine ambaye hajawahi kukanyaga seti ile. Anayebaki ni mwandishi mkuu, na pembeni yake mbunifu. Mwongozaji mgeni anauliza, je, mhusika huyu ana dirisha linaloangalia barabara? Anayejibu ni mbunifu. Anauliza, ngazi hizi zinaelekea wapi? Anayejibu ni mbunifu, hata kama ngazi zenyewe zinaishia kwenye jukwaa la mbao hatua sita juu. Mji mzima unakaa kichwani mwako na kwenye makabrasha yako, na ukiumwa wiki moja watu wanaanza kupotea njia.

Mfano ninaoupenda ni Downton Abbey, tamthilia ya Uingereza kuhusu familia ya mabwana na watumishi wao. Vyumba vya mabwana, maktaba na sebule zenye dari ndefu, vilirekodiwa Highclere Castle, jumba halisi lililoko Hampshire. Jiko na vyumba vya watumishi vilijengwa Ealing Studios, London, chini ya mbunifu Donal Woods, kwa sababu sehemu za chini za jumba lile hazikuwa tena na hali ya enzi ile. Fikiria sasa mtumishi anayetoka jikoni na sinia ya chakula. Anaanza safari Ealing. Anapanda ngazi, anapita mlango, anatokea kwenye chumba cha kulia cha Highclere, maili nyingi mbali na pengine siku nyingi baadaye. Sinia lazima iwe ileile, imeshikwa mkono uleule, na mwanga unaobaki mgongoni mwake mlango unapofunguka lazima uwe wa jiko ambalo halipo nyuma ya mlango ule. Mtazamaji haoni mshono. Anaona nyumba moja yenye matabaka mawili ya watu, na hadithi yote ya tamthilia imekaa katika tofauti hiyo kati ya juu na chini.

Wakati mwingine hadithi inakutupa nje ya jengo lako mwenyewe. Tamthilia ya Mad Men ilijenga ofisi ya matangazo ya mwaka 1960 kwa uangalifu mkubwa, watazamaji wakaizoea kona kwa kona, kisha mwisho wa msimu wa tatu wahusika wakaivunja kampuni na kuondoka. Msimu wa nne ulipoanza mwaka 2010, mbunifu Dan Bishop alikuwa na ofisi nyingine kabisa ya kuonyesha, ya miaka ya katikati ya muongo, yenye kioo zaidi na rangi kali zaidi. Wahusika ni walewale na meza zinalingana na vyeo vyao, lakini macho ya mtazamaji yanaambiwa kwamba dunia imesogea. Kazi kama hiyo hufanyika kati ya msimu na msimu, wakati wengine wamepumzika.

Na wakati mwingine unayerithi ni wewe. Gemma Jackson alibuni misimu mitatu ya kwanza ya Game of Thrones, tamthilia ya falme za kubuni. Kuanzia wa nne, uliorushwa 2014, akaingia Deborah Riley kutoka Australia. Kupokea dunia ya mwenzako, yenye mashabiki wanaojua kila nguzo, ni mtihani mgumu kuliko kuanza na karatasi tupu. Unatakiwa uheshimu kila kilichokwisha kuonekana huku ukibuni miji ambayo bado haijaonekana, na hakuna anayepaswa kuhisi kwamba mkono umebadilika. Riley alikaa nao hadi mwisho na kushinda Emmy, tuzo ya televisheni ya Marekani, zaidi ya mara moja.

Idara yenyewe ni kubwa kuliko watu wanavyodhani. Chini ya mbunifu kuna mkurugenzi wa sanaa, anayegeuza michoro kuwa ratiba, bajeti na maagizo ya ujenzi. Kuna mpambaji wa seti, mwenye dhamana ya samani, mapazia, vyombo, picha za ukutani. Kuna watu wa propu, yaani vitu vinavyoshikwa na waigizaji, wachora ramani, maseremala, wapaka rangi, wachoraji wa maandishi yote unayoyaona kuanzia bango la duka hadi barua aliyoshika muigizaji. Kuna pia anayebaki kwenye seti kamera zinapowaka, kuhakikisha hakuna kilichosogea. Watu waligundua uzito wa kazi hiyo Mei 2019, kikombe cha kahawa cha karatasi kilipoonekana juu ya meza katika Game of Thrones na kulazimika kufutwa kwa kompyuta baada ya kipindi kurushwa.

Mbunifu mwenyewe mara nyingi hayupo wakati huo. Anafika alfajiri, anafungua seti, anaikabidhi kwa mwongozaji na mkuu wa picha, kisha anaondoka kwenda kujenga ya wiki ijayo. Anaajiriwa miongoni mwa watu wa kwanza, kabla ya waigizaji wengi kujulikana. Maisha haya yana gharama. Mradi ukiwepo, saa za kulala ni chache. Mradi ukiisha, simu inaweza kunyamaza kwa miezi. Waliodumu ni wale waliojifunza kutunza fedha za kipindi kizuri na kutunza watu zaidi ya fedha, kwa kuwa kazi nyingi hutoka kwa mtu aliyefanya nawe kazi zamani na anakumbuka ulikuwaje saa nane za usiku.

Siku hizi naulizwa sana kuhusu kuta za skrini. Tamthilia ya The Mandalorian, mwaka 2019, ilitumia ukuta wa LED uliopinda, wenye kimo cha takribani mita 6 na upana wa duara wa takribani mita 23, ukionyesha jangwa na miji iliyotengenezwa kwa injini ya michezo ya video, na picha ikisogea pamoja na kamera. Sioni hofu hapo. Ninachoona ni kwamba maamuzi yamesogezwa mbele. Zamani mlima wa nyuma ungeweza kuongezwa baada ya kurekodi. Sasa lazima uwe umekamilika kabla, kwa hiyo mbunifu anashirikishwa mapema zaidi na mchanga wa kweli ulio sakafuni lazima ulingane na mchanga wa skrini mpaka usijue mpaka uko wapi. Mwaka huohuo mbunifu Luke Hull alikwenda njia nyingine na Chernobyl, tamthilia ya ajali ya mtambo wa nyuklia: mtambo wa nyuklia wa Ignalina uliokwisha kuzimwa nchini Lithuania, nyumba za ghorofa za Vilnius kwa ajili ya mji wa Pripyat, na chumba cha kudhibitia mtambo kilichojengwa kwa kufuata kile halisi. Kazi hiyo ilipata Emmy. Zote mbili ni za mbunifu yuleyule kwa maana ya moyo wa kazi, na anayechagua njia anapaswa aulize hadithi inataka nini kabla ya kuuliza teknolojia gani iko sokoni.

Kuhusu kuingia: milango ni mingi. Nimefanya kazi na waliotoka kwenye usanifu majengo, kwenye jukwaa la maigizo, kwenye ubunifu wa ndani, kwenye useremala. Karibu wote walianza kama wasaidizi, wakipima vyumba, wakikata kadibodi za vielelezo, wakikimbilia vitambaa. Ngazi ni ndefu na sidhani inafaa kufupishwa, kwa sababu kila kipandio kinakufundisha gharama ya mstari unaochora.

Ninapotafuta msaidizi, picha nzuri za kompyuta naziweka pembeni kwanza. Naomba mchoro wa chumba kimoja: mpango wa sakafu kwa kipimo, kuta zake, kimo cha dari, mlango unafungukia upande gani, kamera itaingilia wapi, ukuta upi unaondoka. Halafu naomba kitu kimoja zaidi, mlango au korido ambayo skripti haikuitaja, na maelezo mafupi ya kwa nini ameiweka. Wengi hawana. Mwenye nayo namwita hata kama hajawahi kukanyaga studio, na tunaanza mazungumzo kwenye korido hiyo.